Maporomoko ya Rungwe na Udzungwa: maji unayoogelea yamenyesha wapi?

Kila Pasaka inapokaribia, ujumbe wa wasikilizaji wetu hubadilika. Salamu za kwa shangazi aliyeko Kyela hupungua kidogo, na maswali ya safari huongezeka. Tupo kwaya ya vijana, tunataka kwenda Daraja la Mungu na kurudi siku hiyohiyo, tuanzie wapi? Kuna mahali pa kuogelea? Kuna mahali ambapo maji yenyewe yanakutelezesha juu ya jiwe hadi bwawani, kama zile bembea za maji za Kunduchi kule Dar es Salaam, tofauti ikiwa hizi Mungu kaziumba mwenyewe?

Hewani huwa tunajibu kwa dakika mbili tatu kisha wimbo unaingia. Hapa tuna nafasi, tujibu kwa kirefu. Jibu fupi tunalitoa mapema ili asiyemaliza kusoma asilikose: nendeni, tena nendeni na mwenyeji anayeujua mto huo. Lakini kama tarehe mnaweza kuchagua, msiende Pasaka. Nendeni Nane Nane.

Wapi, kwa aliyeko wapi

Kwa mtu wa Mbeya mambo ni mepesi. Ukitoka mjini, ukapita Uyole na kushika barabara ya Kyela, hadi Tukuyu ni kama kilomita 70 za lami. Kabla ya kufika Tukuyu, upande wa magharibi wa barabara, ndiko liliko Daraja la Mungu, upinde wa mwamba uliolala juu ya Mto Kiwira. Mto huohuo ukiteremka kidogo unaingia Kijungu, mahali ambapo maji yote yanabanwa kwenye tundu la mwamba na kuzunguka kama chungu kinachochemka. Eneo hilo liko jirani na Chuo cha Magereza Kiwira, kwa hiyo usishangae kukuta askari na geti. Fuata utaratibu wao, na usielekeze kamera ya simu kwenye majengo. Kusini mwa Tukuyu kuna maporomoko ya Kaporogwe, ambako nyuma ya pazia la maji kuna pango ambalo watu huingia na kuutazama mto kwa ndani. Kwa kikundi kilichoamka mapema, Daraja la Mungu, Kijungu na Kaporogwe vinatosha kabisa kwa siku moja.

Kwa mtu wa Iringa hesabu ni nyingine. Iringa hadi Mbeya ni zaidi ya kilomita 300, na anayekuahidi Kaporogwe na kurudi Iringa siku hiyohiyo anakuuzia safari ya kukaa kwenye kiti cha basi. Wewe jirani yako ni Udzungwa. Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Udzungwa, iliyoanzishwa mwaka 1992, ina kilomita za mraba 1,990 na imelala Iringa na Morogoro kwa pamoja. Maporomoko yake maarufu ni Sanje, yenye urefu wa mita 170 kwa hatua tatu, na yako upande wa Morogoro. Unateremka Kitonga, unapita Ruaha Mbuyuni hadi Mikumi, kisha unakata kuelekea Kidatu na Mang'ula. Kwa ushauri wetu, lala Mang'ula. Kupanda Sanje huku miguu imekufa ganzi kwa safari hakuna raha yoyote.

Aliye kati ya miji hii miwili na hana muda akatishe Makambako kuelekea Njombe. Maporomoko ya Mto Ruhuji yapo mjini hapohapo, unayaona ukiwa barabarani.

Jiwe la Rungwe na jiwe la Udzungwa

Sasa lile swali la kuteleza. Huku Rungwe hatutakutajia mahali pa kuteleza, na sababu ni jiwe lenyewe.

Milima ya Rungwe ni volkano. Mlima Rungwe wenyewe una urefu wa karibu mita 2,960, na jirani yake Kyejo ulitoa lava karibu mwaka 1800, yaani si zamani sana; babu wa babu za wazee wa leo waliona moto ule. Lava ikipoa hupasukapasuka na kuwa vipande vyenye kona, na hewa iliyokuwa ndani yake huacha vitobo vidogo vidogo. Ukilipapasa jiwe hilo kwa kiganja utasikia linakwaruza. Mto ukipita juu yake hauling'arishi lote kwa usawa. Unang'oa kipande hapa na kuacha ukingo pale, na ndivyo ngazi za maporomoko zinavyopatikana. Penye tabaka gumu juu na tabaka laini chini, maji hula lile laini kwanza, tabaka gumu likabaki limening'inia kama paa. Ndiyo namna mapango ya nyuma ya maji yanavyozaliwa.

Daraja la Mungu nalo huelezwa kwa njia hiyohiyo ya moto na maji. Lava ilishuka bondeni ikakutana na mto, ikapoa na kuganda juu, na maji yakaendelea kujitafutia njia chini yake.

Kijungu ni kazi ya kokoto. Mto unapozunguka mahali pamoja, mawe madogo yaliyonaswa humo huzunguka nao mwaka baada ya mwaka, yakisaga mwamba kama mchi kwenye kinu. Tundu linaongezeka kina, na mawe yaliyochakaa yanaletewa mengine. Ukisimama ukingoni unaona povu tu, na povu hilo ndilo linalowadanganya watu. Maji meupe ni maji yaliyochanganyika na hewa nyingi, na hewa haikubebi. Mtu anayeelea vizuri katika Ziwa Nyasa pale Matema anaweza kuzama kwenye povu, kwa sababu hana cha kumwinua. Zaidi ya hapo, maji yanayoanguka kwa nguvu huvuta chochote kilicho karibu na kukirudisha chini ya maporomoko, tena na tena. Hata bingwa wa kuogelea hana la kufanya hapo. Kijungu ni mahali pa kutazama.

Udzungwa ni jiwe jingine kabisa. Milima ile si volkano. Ni miamba ya kale sana iliyopikwa na kukandamizwa ardhini kabla ya kuinuliwa juu. Jiwe la namna hiyo likipitiwa na maji kwa muda mrefu hulainika kama sakafu iliyopigwa nta, na ndilo linalotengeneza miteremko ya kuteleza sehemu nyingi duniani. Kule North Carolina, Marekani, kuna mwamba mmoja wa mtelezo wa karibu mita 18 unaoishia kwenye bwawa lenye kina cha zaidi ya mita mbili, na majira ya joto huwekwa waokoaji wa kulinda wanaoteleza. Australia, katika jimbo la Queensland, kuna maporomoko ya Josephine ambako watalii huenda kwa makundi kuteleza, na mabango yanawaonya kuhusu mafuriko ya ghafla, kwa sababu watu wameshafia pale.

Utaona kwamba mtelezo mzuri hautoshi. Lazima mwamba uwe laini kutoka mwanzo hadi mwisho, bwawa la chini liwe na kina cha kutosha, lisiwe na jiwe wala gogo lililozama, na awepo mtu aliyelikagua siku hiyohiyo, maana mafuriko ya usiku mmoja yanaweza kuliachia gogo bwawa lililokuwa safi jana. Sanje kuna mabwawa ambayo wageni huogelea, na mhifadhi au mwongoza watalii ndiye atakayekuambia lipi na lini. Akisema leo hapana, ni hapana. Mwamba uliolainika hukusaidia kuteleza unapotaka kuteleza, na hukutelezesha vilevile usipotaka, hasa ukiwa juu ya maporomoko ukitafuta pembe nzuri ya selfi.

Mvua usiyoiona

Hapa ndipo tunapotaka msomaji wetu akae kidogo.

Unaposimama mtoni Kiwira chini ya jua kali, maji yanayokupita miguuni hayakunyesha hapo. Yamenyesha saa kadhaa zilizopita, mahali usipopaona, nyuma ya kilima. Na Rungwe kunanyesha hasa. Upepo wa kusini-mashariki unapita juu ya Ziwa Nyasa, unabeba unyevu, unagonga mlima na kulazimika kupanda. Ukipanda unapoa, ukipoa unaachia mzigo. Miteremko ya kusini-mashariki ya Mlima Rungwe hupata mvua inayofikia milimita 3,000 kwa mwaka, miongoni mwa sehemu zenye mvua nyingi zaidi Tanzania. Mbeya mjini, mwendo wa saa moja na nusu tu kwa gari, hupata kama theluthi yake. Ndiyo maana mtu wa Mbeya anatoka nyumbani bila mwavuli, anafika Tukuyu akinunua mwamvuli wa pili.

Sisi ndio tunaosoma utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa kila asubuhi, na tunalijua vizuri lile neno "vipindi vya mvua katika maeneo machache". Utabiri huo unazungumzia kanda nzima ya Nyanda za Juu Kusini Magharibi, mikoa kadhaa kwa pamoja. Hauwezi kukuambia kwamba saa sita mchana wingu moja litakaa juu ya bonde moja la Rungwe. Hayo maeneo machache yanaweza kuwa chanzo cha mto unaoogelea.

Wenzetu wa Kenya walilipa gharama kubwa kulijifunza hili. Katika korongo la Hifadhi ya Hell's Gate, karibu na Naivasha, vijana 7 wa kundi la kanisa walikufa mwezi Aprili 2012 maji yalipoteremka ghafla. Septemba 2019, katika hifadhi hiyohiyo, mafuriko yaliwabeba tena watu wakiwa matembezini, na 7 wakapoteza maisha. Mvua ilikuwa imenyesha juu zaidi. Korongo ni mfereji. Likishajaa hakuna pembeni pa kukimbilia.

Maji hutoa dalili kabla, kama kuna anayezitazama. Yaliyokuwa maangavu yanaanza kuwa rangi ya chai ya maziwa. Majani makavu na vijiti vinaanza kuelea kwa wingi. Jiwe ulilokuwa unaliona kichwa limezama. Sauti inabadilika, inakuwa nzito, na wenyeji wengine wanasema husikia mngurumo kabla ya kuona chochote. Ukiona moja tu kati ya hayo, toka na upande juu, usifuate ukingo kuelekea chini ukidhani utayashinda mbio. Na usivuke kurudi upande mwingine kufuata begi. Maji ya magoti yanatosha kumwangusha mtu mzima, kwa kuwa kasi ya mto ikiongezeka mara mbili, nguvu yake ya kukusukuma inaongezeka mara nne.

Ndiyo maana tulianza na Pasaka. Sikukuu hiyo huangukia Machi au Aprili, wakati mvua za Nyanda za Juu zipo na Rungwe inamwagiwa kuliko kawaida. Ni kweli, maporomoko hupendeza zaidi wakati huo, yanatoa moshi na kunguruma. Lakini ndio wakati ambao vikundi vikubwa vya watu wasiojua kuogelea vinafika kwa pamoja, wengi kwa mara ya kwanza, wakiwa na furaha ya sikukuu. Kalenda ya sikukuu haikupangwa na mto. Nane Nane inaangukia kiangazi: maji yamepungua na yametulia, mawe yanaonekana, njia hazina tope. Baridi ya Agosti ipo, hatukatai, na maji yatakuuma mifupa. Nane Nane ina faida nyingine kwa anayetoka mbali, maana maonesho katika viwanja vya John Mwakangale pale Mbeya yanampa sababu ya pili ya safari. Siku ya kilele kuna msongamano, chukua ya kabla au ya baada.

Mwenyeji unayemlipa

Tunasikia malalamiko kwamba mwongoza watalii wa nini, wakati njia inaonekana na Daraja la Mungu halijawahi kuhama. Udzungwa swali hilo halipo. Hifadhini hutembei peke yako kwenye njia za maporomoko, na malipo hupitia kontrol namba, kwa hiyo usibebe noti ukitegemea kulipa getini. Rungwe ndiko watu hubana shilingi.

Njia kweli inaonekana. Unachomlipia mwenyeji ni yale yasiyoonekana: amekulia pale, anajua kiwango cha kawaida cha maji mwezi huu, na ana namba ya simu ya mtu anayekaa juu ya mto. Kwa hiyo unapokutana naye usianze na bei. Msalimie, kisha muulize: "Kaka, leo asubuhi umeongea na mtu wa kule juu? Usiku kulinyesha?" Anayejua kazi yake atakuwa na jibu tayari. Anayecheka na kusema hapa hakuna shida, tafuta mwingine. Muulize pia kamba iko wapi, na kama amewahi kughairi safari. Mwongozaji ambaye hajawahi kuwarudisha wageni nyumbani hatumwamini hata kidogo, na ukimkuta anayewarudisha, mlipe hata siku hiyo aliyowarudisha, maana kazi ameifanya.

Kama unanunua safari nzima kutoka kwa kampuni mjini, omba kuona leseni ya biashara ya utalii, ile inayojulikana kama TALA, na uliza ni nani hasa atakayekuwa nanyi mtoni. Dereva mzuri wa Noah si lazima awe anajua maji.

Jambo moja waongozaji wengi hawalisemi, nasi tungependa walianze: msikanyage ule ukoka wa kijani na kuvu zinazolowa kando ya maporomoko. Ule si uchafu wa kukwangua ili kuandika majina ya wapenzi. Manyunyu ya maji yanayoanguka hutengeneza shamba lake dogo, lenye baridi na unyevu wa kudumu, na humo huishi viumbe visivyoweza kuishi hatua 50 pembeni.

Mfano tunao nyumbani. Kwenye korongo la Kihansi, mpakani mwa Iringa na Morogoro, mwaka 1996 waligunduliwa vyura wadogo wa rangi ya dhahabu, wa kama sentimita 2 hivi, wanaozaa watoto badala ya kutaga mayai. Dunia nzima walikuwa wanaishi hapo tu, kwenye eneo la manyunyu la hekta chache. Mwaka 2000 maji mengi ya maporomoko yalikuwa yameshaelekezwa kwenye mtambo wa umeme wa megawati 180, umeme ambao nchi iliuhitaji na bado inautumia. Manyunyu yakakatika. Zikafungwa bomba za kunyunyizia maji ili kuiga yale ya asili, na mamia ya vyura wakapelekwa Marekani kutunzwa. Ugonjwa wa kuvu nao ukaingia. Mwaka 2009 chura wa Kihansi alitangazwa kuwa ametoweka porini. Waliozaliwa kwenye bustani za wanyama za Bronx na Toledo walirudishwa Tanzania, na mwaka 2012 wakaanza kuachiwa tena korongoni. Yote hayo kwa sababu ya ukungu wa maji ambao sisi tunauita kero ya kulowesha simu.

Siku yenyewe

Vaa raba zenye kashata za kushika. Yeboyebo ziache nyumbani, au zivae ukishatoka majini. Chukua sweta na nguo kavu za kubadili, hata kama Mbeya mmeondoka na jua. Simu kwenye mfuko wa nailoni. Pombe isiguswe mpaka kila mtu awe ameshatoka mtoni, na hapa tunawaomba viongozi wa vikundi wawe wakali, maana aliyekunywa ndiye wa kwanza kusema anaweza kuruka. Kuruka kichwa kichwa kusiwepo kabisa. Mtoto ashikwe mkono, si aangaliwe kwa mbali. Hesabuni watu mnaposhuka, mnapofika na mnapoondoka, na mtu mmoja akae nje ya maji muda wote bila simu mkononi.

Mtu akichukuliwa na maji, usimfuate ndani. Mrushie kamba, au tawi refu, au vitenge vilivyofungwa pamoja. Akinamama wa kikundi kila mara wanavyo. Katika matukio ya namna hii, anayeingia kuokoa naye anaweza kufa maji.

Ondokeni Mbeya saa 12 asubuhi. Muwe mmetoka majini saa 8 mchana, kwa kuwa mawingu ya milimani hupenda kujikusanya mchana na kumwaga alasiri. Muda unaobaki ni wa kula ndizi Tukuyu na kutafuta usafiri. Msiuache hadi jioni: siku za sikukuu kosta zinazotoka Kyela hufika Tukuyu zimeshajaa watu, na mchele juu yake.